SQL ni moja, lumbesa ni nyingi

Msomaji wa Kirumba, Mwanza, ametuma ujumbe wiki hii. Mfumo wake wa mauzo ya samaki umekaa kwenye MySQL miaka, kisha ameuhamishia PostgreSQL; zote ni kanzidata, yaani programu za kutunza data kwenye majedwali. Hakuna kosa lililotokea kwenye skrini, lakini ripoti zimegeuka. Wastani wa kilo kwa kreti umepoteza desimali, sangara anatokea mara tatu kwenye jedwali moja, na wadaiwa waliokuwa juu ya orodha wameshuka mkiani. Anauliza kama zote mbili si SQL, lugha ya kuzungumza na kanzidata.

Ni SQL. Lakini anayefanya biashara kwenye soko la samaki la Mwaloni anajua kuwa gunia lina kipimo chake kisheria na bado lumbesa inashonwa juu yake. Kiwango cha SQL, yaani waraka wa pamoja unaosema lugha iweje, kina hali hiyo hiyo, na chanzo chake ni jinsi kilivyozaliwa.

E. F. Codd wa IBM kule San Jose alichapisha nadharia ya majedwali mwaka 1970. Mwaka 1974 wenzake Donald Chamberlin na Raymond Boyce wakatoa lugha waliyoiita SEQUEL. Jina hilo lilikuwa alama ya biashara ya Hawker Siddeley, kampuni ya ndege ya Uingereza, kwa hiyo likafupishwa kuwa SQL. Wakati huo huo Chuo Kikuu cha Berkeley walikuwa na kanzidata ya Ingres na lugha yao QUEL, ambayo wataalamu wengi waliiona nadhifu zaidi. Unadhifu haukusaidia kitu. Kampuni ambayo baadaye iliitwa Oracle ilianza kuuza kanzidata ya SQL mwaka 1979, kabla IBM wenyewe hawajaingiza ya kwao sokoni mwaka 1981.

ANSI, shirika la viwango la Marekani, walipopitisha kiwango mwaka 1986, na ISO, la kimataifa, mwaka 1987, kila muuzaji alikuwa tayari na lahaja yake na wateja wanaoitegemea. Nani angekubali kuvunja programu za wateja wake? Ndiyo maana toleo la kwanza lilikuwa jembamba: hata ufunguo wa kigeni, unaolazimisha thamani iwe tayari imo kwenye jedwali jingine, ulisubiri hadi 1989. Palipokosekana mapatano, waraka uliacha uamuzi kwa mtengenezaji. Marekani taasisi ya NIST ilikuwa ikipima kama kanzidata inafuata kiwango, ikaacha mwaka 1996. Tangu hapo muuzaji anajipa cheti mwenyewe. LIMIT, ya kuweka kikomo cha mistari inayorudi, ambayo kila anayejifunza SQL huiandika siku ya kwanza, haimo kwenye kiwango hadi leo. Kilichomo ni FETCH FIRST 10 ROWS ONLY, na kiliingia 2008, watu wameshazoea njia yao. PostgreSQL inakubali zote mbili, MySQL inakubali LIMIT tu.

Sasa turudi kwenye ripoti. Desimali ndiyo hatari kuliko yote, kwa sababu haipigi kelele. Tuseme siku moja zimepokelewa kilo 479 kwenye kreti 12, na safu zote mbili ni INTEGER, yaani namba nzima. Andika:

SELECT SUM(kilo) / SUM(kreti) FROM mapokezi;

MySQL inajibu 39.9167. PostgreSQL inajibu 39. Haikadirii, inakata. Zidisha 39 kwa 12 upate 468: kilo 11 zimeyeyuka na hata paka wa mwaloni hajazigusa. Hakuna aliyekosea hapa, maana kiwango kinamwachia mtengenezaji aamue jibu la kugawanya litabaki na desimali ngapi. Dawa ni kuigeuza namba iwe ya desimali, kwa CAST, kabla ya kugawanya:

SELECT CAST(SUM(kilo) AS DECIMAL(12,2)) / SUM(kreti) FROM mapokezi;

Inafanya kazi pande zote mbili. Wengi huifunga CAST nje ya mgawanyo mzima, wakapata 39.00 na kuridhika kwa sababu wameona nukta. Desimali zilikuwa zimeshakatwa.

Sangara watatu ni suala la herufi. Kwa mpangilio wake wa kawaida, MySQL inahesabu "Sangara", "sangara" na "SANGARA" kuwa neno moja. PostgreSQL inaona matatu. Usilitibu kwa kupachika lower() kwenye kila swali. Safisha data mara moja:

UPDATE mauzo SET aina = lower(trim(aina));

Kisha tengeneza jedwali la aina za samaki, uweke ufunguo wa kigeni, ili karani asiweze tena kuandika "sangra". Kosa la aina hiyo lilikuwepo tangu zamani. MySQL ilikuwa inalifunika nusu tu.

Wadaiwa ni NULL, yaani nafasi isiyojazwa kitu. Tarehe ya malipo ikiwa tupu, ORDER BY ya MySQL inaiweka mwanzo na ya PostgreSQL inaiweka mwisho. Hapa pia kiwango kimemwachia mtengenezaji. NULLS FIRST ingetosha PostgreSQL, ila MySQL haiifahamu. Hii inakubalika kote:

ORDER BY CASE WHEN tarehe_malipo IS NULL THEN 0 ELSE 1 END, tarehe_malipo

Na kwa kuwa tumegusa NULL, pekua msimbo wako utafute NOT IN yenye swali ndani yake. Ukitafuta wavuvi wasiouza kitu, na mstari mmoja tu wa mauzo ukawa hauna namba ya mvuvi, jibu linarudi tupu kabisa, kwenye MySQL na PostgreSQL sawasawa. Hilo si lumbesa ya mtu, kiwango chenyewe kimeandikwa hivyo. Tumia NOT EXISTS.

Msomaji hakulitaja la mwisho, labda bado halijamfika. Ukihamisha mistari pamoja na namba zake za id kwa mkono, kihesabio cha PostgreSQL, kinachotoa namba ya id inayofuata, kinabaki kwenye 1. Mauzo ya kwanza asubuhi yatagoma kwa madai kwamba ufunguo umejirudia, na karani atabonyeza tena na tena huku foleni ikirefuka. Kabla ya kufungua mfumo, kwa kila jedwali lenye kihesabio:

SELECT setval(pg_get_serial_sequence('mauzo', 'id'), (SELECT MAX(id) FROM mauzo));

Kisha ingiza mauzo moja ya majaribio, uone yamepata namba gani, ndipo umwite karani.