Neema, kuhusu piano na fimbo ya kuongozea okestra

Mwanangu Neema,

Marahaba. Huku nyumbani hatujambo, mama yako anakusalimu sana. Swali lako nimelisoma zaidi ya mara moja: ukikubali kuongoza ile okestra ya vijana, si utakuwa umeitupa miaka yote ya piano? Na mwalimu wako amekutajia Constantine Orbelian, mpiga piano aliyekuja kuwa mwongozaji wa okestra. Huyo nimemsikiliza kwa muda mrefu, basi acha nikujibu kupitia kwake.

Alizaliwa San Francisco mwaka 1956, wazazi wake wahamiaji, damu ya Kirusi na ya Kiarmenia. Piano ilimtambulisha mapema. Akiwa na miaka 11 alishapiga na okestra ya San Francisco Symphony, kisha akasoma chuo cha muziki cha Juilliard, New York. Itafute rekodi yake ya konseto ya piano (piano ikipigwa mbele ya okestra nzima) ya mtunzi Khachaturian, akiwa na okestra ya Uskoti iliyoongozwa na Neeme Järvi. Ukivisikia vidole vile utajua kwamba hakukimbilia fimbo kwa sababu piano ilimshinda.

Mwaka 1991 akakabidhiwa Moscow Chamber Orchestra. Hebu ufikirie mwaka huo. Umoja wa Kisovieti ulikuwa unasambaratika, na Desemba ilipokwisha haukuwapo tena. Wengi walikuwa wanatafuta njia ya kutoka. Yeye akaingia, Mmarekani wa kwanza kuwa mkurugenzi wa muziki wa okestra nchini Urusi. Tena okestra yenyewe, iliyoanzishwa na Rudolf Barshai miaka ya 1950, ilikuwa na sauti yake na mazoea yake. Watu kama hao hawamfuati mgeni kwa sababu tu amenyanyua mkono. Alikaa nao miaka mingi, na naamini kilichomsaidia ni masikio ya mpiga piano. Wewe unajua: mkono wa kushoto besi, wa kulia wimbo, na katikati sauti nyingine ambazo msikilizaji hazitambui mpaka zikosekane. Umezoea kuzibeba zote. Mbele ya okestra utazisikia hizo hizo, ila vidole vitakuwa vya watu wengine.

Lakini rekodi ninayotaka uisikilize kwa utulivu ni ya Rigoletto, opera ya Verdi, iliyofanyika 2016 Kaunas, Lithuania, ambako Orbelian alikuwa kondakta mkuu, yaani mwongozaji, wa okestra ya mji. Anayeimba kama Rigoletto ni Dmitri Hvorostovsky, baritoni (sauti ya kiume ya kati) aliyezaliwa Siberia. Mwaka mmoja kabla alikuwa ameambiwa ana uvimbe kwenye ubongo. Nenda moja kwa moja kitendo cha pili, pale Rigoletto, kama baba, anapowakabili watu wa ikulu waliomteka binti yake. Anaanza kwa hasira, vyombo vya nyuzi vinachemka chini yake. Halafu nguvu zinamwishia, anaomba, na chelo moja, ile fidla kubwa ya sauti nzito, inazunguka chini ya sauti yake. Hapo okestra haimsukumi wala haimburuzi. Akivuta pumzi, nayo inangoja. Mimi kama baba siwezi kupita hapo kwa haraka. Hvorostovsky alifariki Novemba 2017.

Kungoja vile, Neema, mtu hujifunza akiwa kwenye piano akimsindikiza mwimbaji. Wewe umeisindikiza kwaya yetu tangu uko sekondari, hata siku ambazo teno walichelewa kuingia ukalazimika kurudia utangulizi bila mtu kushtuka.

Baadaye Orbelian aliongoza jumba la opera la Yerevan, Armenia, na mwaka 2021 akapewa kazi New York City Opera. Hayo utayasoma mwenyewe.

Kwa hiyo wakubalie wale vijana. Piano usiiuze, na mazoezi ya asubuhi usiyaache, maana noti za okestra utazisoma kwanza pale kabla ya kusimama mbele yao. Kuhusu nauli, nimeshaongea na baba yako mdogo. Usiguse pesa ya kodi. Nitumie tarehe ya mazoezi ya kwanza.

Baba yako