Kwa mnaoanza kufuatilia waigizaji wa zamani wa Japani, anzeni na Matsunosuke

Nawashauri muanze na Onoe Matsunosuke, maana huyu ndo staa mkubwa wa kwanza wa filamu kule Japani. Kazaliwa Okayama 1875, kakulia kwenye steji za kabuki (maigizo ya jadi ya Kijapani), Makino Shozo aliyekuwa anaendesha ukumbi wa maigizo Kyoto akamwona akamwingiza kwenye filamu 1909, na toka hapo mpaka anafariki 1926 inasemekana alicheza filamu zaidi ya 1,000. Elfu moja jamani! Zilizobaki ni chache mno, inauma kweli, kwa hiyo ukipata hata kipande kiangalie tena na tena.

Sasa wengi wakishaona hicho kipande wanasema huyu jamaa hajui kuigiza, mara anakimbiakimbia, mara kasimama tu katoa macho. Taratibu. Kamera ilikuwa inazungushwa kwa mkono na ili kubana matumizi walipiga picha chache kwa sekunde, ukiichezesha kwa spidi ya leo lazima watu waonekane wanakimbia, so tafuta kopi iliyorekebishwa spidi. Halafu usiangalie kimyakimya ukadhani ndo ilivyokuwa, ukumbini kulikuwa na benshi, anakaa pembeni ya skrini anasimulia na kuwasemea wahusika, kama madijei wetu wa muvi za kutafsiriwa ila yeye yuko laivu, na kuna watu walikuwa wanalipa kiingilio kumfuata yeye benshi. Mwigizaji alijua maneno yana mwenyewe, kazi yake ni mwili.

Na hayo macho ndo penyewe. Kwenye kabuki jambo likifika kileleni mwigizaji anaganda, anazungusha kichwa, anakodoa macho, ukumbi unalipuka. Matsunosuke akaibeba hiyo akaileta mbele ya kamera, watu wakampenda mpaka wakamwita Medama no Matchan, yaani Matchan wa macho. Itafute filamu yake Jiraiya ya 1921 anapogeuka chura mkubwa, kamera inasimamishwa, anatolewa mtu anawekwa chura, inaendelea. Mimi bado inanifurahisha.

Alafu usikurupuke kusema "mwigizaji wa kike", wengi wa wale wanawake kwenye filamu zake za mwanzo ni wanaume, onnagata, yaani wanaume wanaoigiza kama wanawake, walitawala mpaka miaka ya 1920 mwanzoni.

Ukimaliza hapo nenda kwa staa mwingine, Bando Tsumasaburo, kwenye filamu yake Orochi ya 1925, na lile pigano refu la mwisho uliangalie lote bila kuruka.