Mbona pai zangu zinapasuka karaini?

Mara iliyopita niliandika kuhusu pai ndogo za embe za kukaanga, zile za kukunja nusu mwezi na kula kwa mkono. Tangu siku hiyo simu yangu haijapoa. Kwa aliyepitwa, mapishi yenyewe ni haya: unga wa ngano vikombe 3, mafuta ya mgando gramu 100, chumvi kijiko cha chai kimoja, sukari kijiko kikubwa kimoja, na maji baridi kama nusu kikombe. Za ndani: maembe dodo matatu yaliyoiva ila bado magumu kidogo, sukari theluthi ya kikombe, maji ya ndimu nusu, iliki ya kusaga, na kornflawa kijiko kikubwa kimoja na nusu. Unasukuma, unakata duara kwa kisahani kidogo, unajaza, unakunja, unabana kwa uma, unakaanga. Zinatoka kama 12.

Sasa tuone mlikoharibia.

*Shikamoo shangazi. Nimepika pai 12, zikapasuka tisa. Embe limemwagika kwenye mafuta, limeungua, moshi nyumba nzima. Mume wangu kauliza kama nachoma takataka. Nimekosea wapi? (Msomaji, Morogoro)*

Marahaba mwanangu. Huyo mume naye, angeuliza huku ameshika ufagio. Swali lako nimeletewa na watu wengi kuliko jingine lolote, kwa hiyo wacha tukae hapa kidogo.

Embe bivu, zaidi ya asilimia 80 yake ni maji. Maji yanageuka mvuke kwenye nyuzi 100, na mafuta yako ya kukaangia yapo 175 na zaidi. Ukifungia maji ndani ya unga ukayatumbukiza humo, mvuke utatafuta pa kutokea, na utatokea pale ulipobana vibaya. Kila pai iliyopasuka ina maji ambayo yalitakiwa yaishie kwenye sufuria.

Kwa hiyo embe linapikwa kwanza, na linapikwa hasa. Kata vipande vya ukubwa wa punje za mahindi, tia sukari na ndimu, acha lichemke bila mfuniko mpaka lianze kuwa zito. Koroga kornflawa kwa maji baridi kidogo, mimina, endelea kukoroga dakika moja likiwa linatokota. Halafu pitisha mwiko katikati ya sufuria. Njia ikijifunga papo hapo, bado. Ikibaki wazi ukaona chini ya sufuria mpaka uhesabu tatu, epua.

Kisha lipoe. Sisemi lipungue moto, nasema lipoe kabisa, ukiligusa liwe kama limetoka kwenye mtungi. Embe la moto linayeyusha mafuta yaliyomo kwenye unga, unga unalegea, na hapo hata ubane kwa koleo haushiki. Najua kwa sababu yalinikuta. Wageni walikuwa wameshafika sebuleni, nikajiambia embe la uvuguvugu halina neno. Waliishia kunywa chai kwa mkate wa jana.

Bado kuna mambo ya mkono. Usijaze kupita kijiko kikubwa kimoja na nusu. Acha ukingo mtupu wa upana wa kidole, kwa sababu shira ikigusa ukingo, unga haushikani tena. Paka maji kidogo kwa ncha ya kidole, kunja, na kabla ya kufunga sukuma hewa itoke, maana hewa nayo ikipata moto inatanuka. Bana kwa vidole kwanza, uma ufuate, na meno ya uma yasitoboe mpaka chini. Ukimaliza zote, ziweke kwenye friji nusu saa. Asiye na friji apike embe usiku, afunge pai asubuhi mapema kabla jua halijakolea, azikaange hapo hapo.

*Shangazi, nilitia unga wa mahindi kama ulivyosema. Ndani pamekuwa ugali wa embe. (Msomaji, Kibaha)*

Nimecheka mpaka nikakaa chini, unisamehe. Kornflawa ni wanga wa mahindi peke yake: mweupe pe, laini kama poda, ukiubana kwenye pakiti unalia kama viatu vipya. Sembe ni punje iliyokobolewa na kusagwa, dona ndiyo kabisa. Kama dukani kwenu hakuna, tumia wanga wa muhogo kipimo kilekile, au unga wa ngano vijiko vikubwa vitatu, ila huo uupike dakika tatu au nne zaidi ili ladha ya ubichi iishe. Huo ugali wa embe, watoto walikula?

*Habari shangazi. Unga wangu nikisukuma unajirudi kama mpira, na pai zikipoa zinakuwa ngumu. Natumia unga ule wa chapati. (Msomaji, Mombasa)*

Nzuri, mama. Unga wa chapati unafaa, shida ni mikono yako ambayo imezoea chapati. Chapati tunakanda ili ivutike, pai hatuikandi. Chukua yale mafuta ya mgando yakiwa baridi, yafikiche ndani ya unga kwa ncha za vidole mpaka uonekane kama chenga za mkate, na ubakishe vipande vipande vya ukubwa wa choroko. Maji nyunyiza kidogo kidogo. Unga ukianza kushikana, acha hapo hapo, hata kama sura yake haipendezi. Ukusanye, ufunike, uupumzishe nusu saa. Ukijirudi tena, uache dakika kumi nyingine. Usipigane nao.

Wawili wengine wameuliza kama wanaweza kuongeza mafuta ili pai ziwe laini zaidi. Kwa pai ya kuoka sawa, hiyo hubeba mafuta mengi kwa sababu imelala kwenye bati. Pai ya kukaanga inaogelea. Ukizidisha mafuta kwenye unga, itakumomonyokea karaini. Na anayetumia majarini badala ya mafuta meupe ya mgando apunguze maji, kwani majarini huwa na maji yake ndani.

Tui zito badala ya maji? Linakubali, na harufu yake na embe ni ndugu. Punguza mafuta yawe gramu 80, tui liwe baridi.

*Sina kipimajoto, na napikia mkaa. Nitajuaje mafuta yamefika? (Msomaji, Tabora)*

Tunataka nyuzi 175 hadi 180. Dondosha kipande cha mkate chenye ukubwa wa kete ya ludo. Kikigeuka rangi ya dhahabu kwa kama dakika moja, ndipo penyewe. Kikiungua kabla hujamaliza salamu na jirani, mafuta yamepita kiasi. Kikizama na kunywa mafuta, subiri.

Mkaa haupunguzwi kwa kitufe, kwa hiyo kinachokusaidia ni kuchambua makaa: toa mawili matatu pembeni, rudisha yanapohitajika. Mafuta yawe kina cha vidole vitatu, na karai lisijae kupita nusu. Tia pai tatu kwa mara moja, kwani ukitia saba mafuta yanapoa na zinalewa. Dakika mbili upande mmoja, mbili upande wa pili, kwa kuziangalia na si kwa saa. Ukiziepua zisimamishe kwenye chekeche au wavu. Ukizirundika kwenye karatasi, mvuke wa ya chini unalainisha ya juu, na kazi yote ya kukaanga imepotea.

*Shikamoo shangazi. Niko Houston. Jirani yangu, bibi mzee wa Kimarekani, amenionjesha pai ya kukaanga ya tufaha, anasema ndicho chakula cha bibi yake. Nikamwonyesha ya kwako ya embe. Je, ni kitu kimoja? (Msomaji, Texas)*

Marahaba, na huyo bibi mshike sana. Pai ya kukaanga ni chakula cha majimbo ya kusini ya Marekani na milima ya Appalachia: Tennessee, Kentucky, Georgia, Carolina. Huko matufaha na mapichi ya kiangazi yalikatwa vipande, yakaanikwa juani mpaka yakakauka, yakawekwa kwa ajili ya baridi. Miezi ambayo mti hauna kitu, mama wa nyumba anachemsha tunda kavu, analiponda, anatia sukari na mdalasini, anafunga kwenye unga na kukaanga kwenye kikaango cha chuma kizito. Mafuta yao ya zamani yalikuwa ya nguruwe. Sisi tusiotumia hayo, mafuta ya mimea ya mgando yanafanya kazi ileile.

Umeona ujanja wao? Jua lilishatoa maji kabla sufuria haijawekwa jikoni. Ndiyo maana jirani yako hatakwambia hadithi za kupasuka.

Ufanye hivi: tufaha kavu gramu 250, maji vikombe 3, moto mdogo mpaka lilainike na maji yakauke, kama dakika 40. Liponde kwa uma, tia sukari robo kikombe, mdalasini na chumvi ya kuonjesha. Kornflawa huihitaji. Kwa njia hiyohiyo unaweza kutumia embe kavu la pakiti. Mimi nalipenda kuliko bichi, ingawa nikisema hivyo msimu wa maembe watu wa Tanga wananinunia.

Na usidhani ni chakula cha vijijini tu. New Orleans wana pai zao za kukaanga za Hubig's, zinauzwa zimefungwa kwenye karatasi. Kiwanda kiliungua mwaka 2012, watu wakakaa miaka kumi wakizitamani, zikarudi sokoni 2022. Hata McDonald's pai yao ya tufaha ilikuwa ya kukaanga mpaka 1992, walipoanza kuioka huko kwao. Muulize jirani yako anaionaje ya kuoka, kisha uniandikie alichosema.

*Naweza kutumia manda za sambusa? (Msomaji, Nairobi)*

Unaweza, ila utapata kitu kingine, chembamba na cha kukwaruza. Tunda liwe kavu zaidi, ufunge pembetatu, ukingo uugandishe kwa uji mzito wa unga wa ngano, na mle saa hiyohiyo. Jioni zimeshalainika.

*Matunda gani mengine yanafaa? Nimejaribu tikiti maji. (Msomaji, Dodoma)*

Tikiti maji! Jina lenyewe limekuonya.

Nanasi linafaa sana, hasa lile tamu la Kiwangwa: likate dogo, likamue, maji yake unywe, makapi uyapike na tangawizi. Ndizi mbivu ndiyo rahisi kuliko zote, unaiponda na ndimu na sukari kidogo, haipikwi wala haitaki kornflawa, na kwa mtu anayeanza ningesema aanzie hapo. Mapera yapike, uyachuje mbegu. Plamu na peasi za Lushoto zikiwa msimu wake, usiulize, nunua ndoo. Papai mimi silipendi likipikwa, lina harufu inayonishinda. Nyumbani kwako ni wewe.

*Nataka kuuza pale karibu na shule. Naweza kuzitengeneza usiku? (Msomaji, Mwanza)*

Zitengeneze, usizikaange. Zipange kwenye trei zisigusane, zigandishe, kisha zitie kwenye mfuko, zinakaa hata mwezi na zaidi. Asubuhi zitoe, pangusa barafu iliyoganda juu kwa kitambaa kikavu, maana barafu na mafuta ya moto wakikutana wanaruka. Usisubiri ziyeyuke. Punguza moto kidogo, zikaange taratibu dakika sita hadi nane, ya kwanza uipasue uone katikati kama pamepata moto. Iliyokaangwa jana usiipashe kwenye maikrowevu, itakuwa kama kitambaa. Iweke kwenye kikaango kikavu, moto mdogo, uigeuze.

Mafuta yachuje yakipoa. Yakianza kutoa povu au kunuka samaki ambaye hukumpika, yaage. Na hao watoto usiwape pai iliyotoka karaini saa hiyo. Ganda linapoa haraka, shira ya ndani haipoi. Robo saa kwanza.

*Shangazi, mafuta yamenirukia mkononi, mama akanipaka dawa ya meno. Ni sawa? (Msomaji, Zanzibar)*

Si sawa, na mama alikusudia wema. Weka mkono chini ya maji ya bomba yanayotiririka, dakika 20 nzima, uvue bangili na pete mapema kabla hapajavimba. Dawa ya meno, yai, siagi na barafu viache. Pakiwa pakubwa, au usoni, au ni mtoto mdogo, nenda hospitali. Na siku mafuta yakishika moto, usimwagie maji hata kidogo: zima gesi, funika karai kwa mfuniko, ondoka hapo, na usilibebe kulipeleka nje.

*Mama mkwe ameziangalia akasema hii si pai, ni sambusa iliyokosa adabu. Nimjibu nini? (Msomaji, Tanga)*

Usimjibu. Mwekee mbili kwenye sahani, na chai ya rangi isiyo na sukari.