Mpiga dramu unayehamia Ulaya, anza kufundisha mapema

Vijana wanaopiga dramu huniuliza namna ya kuishi Ulaya kwa muziki. Karibu wote wanataka kujua habari za jukwaani: nani anaalika bendi, wapi wanalipa vizuri. Nami huwauliza: utamfundisha nani? Nimeishi Ufaransa kwa dramu miaka mingi. Jina nimelipata jukwaani, lakini kodi ya nyumba imelipwa na wanafunzi.

Mfano ninaoutoa kila mara ni Kenny Clarke, Mmarekani aliyezaliwa Pittsburgh mwaka 1914. Kabla yake, wapiga dramu wengi wa jazi walishika mwendo kwa mguu, wakigonga dramu kubwa mapigo yote manne. Clarke aliuhamishia mwendo kwenye toazi la mkono wa kulia, ukawa unatiririka bila kukatika. Mguu na mkono wa kushoto vikabaki huru kuchokoza, kukatiza na kumjibu anayepiga tarumbeta. Kiongozi wa bendi Teddy Hill alimwondoa kwa sababu ya mtindo huo. Baadaye Hill huyohuyo, akiwa meneja wa Minton's Playhouse, klabu ya jazi kule Harlem, New York, akamwita aongoze bendi ya pale, Thelonious Monk akiwa kwenye piano. Humo ndimo ilimokomaa bebop, jazi mpya ya mwendo wa kasi.

Clarke alihamia Paris mwaka 1956, akiwa tayari amepita bendi ya Modern Jazz Quartet. Kazi hakukosa. Desemba 1957 alirekodi na mpiga tarumbeta Miles Davis muziki wa filamu, na kuanzia mwanzoni mwa miaka ya 1960 hadi 1972 aliongoza bendi kubwa pamoja na mpiga piano Mbelgiji, Francy Boland. Mtu wa namna hiyo angeweza kusema darasa halimhusu. Lakini alifundisha, tena mapema: alipokaa Paris mwaka 1948 alikuwa tayari na wanafunzi. Baadaye aliandika kitabu cha mazoezi ya dramu na mpiga dramu mwenzake Dante Agostini, akafundisha pia katika konsevatoari, yaani shule ya muziki, ya Saint-Germain-en-Laye karibu na Paris. Aliishi Ufaransa mpaka alipofariki Januari 1985.

Faida ya kwanza ya kufundisha si fedha. Mkono wako unajua mambo ambayo mdomo wako haujawahi kuyasema. Mwanafunzi akiuliza kwa nini toazi lake linasikika kavu, huwezi kumjibu "sikiliza tu". Mimi humwondolea kila kitu, abaki na toazi moja, apige huku akiimba noti za mpiga besi. Anapoimba, mkono huacha kuhesabu na kijiti huanza kuruka chenyewe. Mguu tunauongeza baadaye, taratibu mno, usimfunike mpiga besi. Kulieleza jambo hilo kwa Kifaransa, kwa mtoto na kwa mzee, kumenikomaza kuliko mazoezi yoyote ya peke yangu chumbani.

Kuhusu fedha, jifunze sheria ya nchi unakokwenda. Ufaransa, msanii aliyeajiriwa kihalali akitimiza saa 507 za kazi zilizosajiliwa rasmi ndani ya miezi 12, anaweza kupata posho kwa siku asizo na kazi. Saa za kufundisha huingia kwa kiwango kidogo tu na kwa masharti. Kwa hiyo kupiga na kufundisha, vyote viwili vinahitaji karatasi. Ukipiga baa usiku kucha ukalipwa mkononi, kwa upande wa serikali usiku huo haukuwapo. Dai mkataba hata kama mwenye baa ni rafiki yako. Naumia kuona watu wenye vipaji wakizeeka bila haki yoyote kwa sababu waliona aibu kuudai.

Shule za muziki huanza mwaka wao Septemba, na walimu hupangwa kabla ya hapo. Basi usisubiri Septemba. Nenda mwezi wa tano au wa sita na vijiti vyako, uombe kuketi darasani usikilize, na uwaachie namba yako. Mwalimu akiugua, watamtafuta mtu wanayemjua sura.