Ukikataliwa na Mtu wa Chumba cha Pili

Mhariri,

Wiki hii mmeuliza: katika manga (hadithi za katuni za Kijapani) na anime (katuni zao za video) za mapenzi ya watu wazima wanaoishi nyumba moja, kule kuchelewa kuambiana ni utamu wa hadithi, au ni kuvuta kurasa tu? Najua wengi watasema ni kuvuta kurasa. Mimi nabisha, tena nabisha kama mpangaji.

Nimekaa miaka minne kwenye nyumba ya vyumba sita, ukumbi katikati, choo kimoja uani. Kuta hazikufika kwenye paa, jirani akikohoa unampa pole ukiwa kitandani kwako. Pale nilijifunza jambo moja. Ukikataliwa na mtu wa mtaa wa pili unabadili njia, yameisha. Ukikataliwa na mtu wa chumba cha pili, kesho alfajiri mko wote mlangoni pa choo, yeye na ndoo yake, wewe na yako. Kwa hiyo mtu anameza maneno mwezi wa kwanza, wa pili, mwaka.

Ndiyo maana Maison Ikkoku ya Rumiko Takahashi haijanichosha. Ilitoka katika jarida la Big Comic Spirits tangu 1980 hadi 1987, na anime yake ina vipindi 96. Nyumba yenyewe ni ya mbao, imechakaa. Godai, kijana aliyefeli mtihani wa kuingia chuo kikuu na anayejaribu tena, amepanga chumba namba 5. Jirani yake wa namba 4, Yotsuya, ametoboa ukuta na anaingia kwa Godai apendavyo, hasa kukiwa na chakula. Siku moja anafika msimamizi mpya wa nyumba: Kyoko, anayemzidi Godai umri kidogo, aproni yake ina picha ya kifaranga, fagio mkononi. Ni mjane. Mumewe alifariki miezi michache tu baada ya ndoa, na nyumba ni ya baba mkwe wake. Mbwa aliyekuja naye anaitwa Soichiro, jina lilelile la marehemu.

Angalia Godai anavyomwita. Akiwa peke yake na mawazo yake, ni Kyoko. Akisimama mbele yake, ni “Kanrinin-san”, yaani Bi Msimamizi, hivyo hivyo miaka nenda miaka rudi. Sisi tulioishi kwa “dada wa chumba cha mbele” na “mama nanihii” tunaijua heshima ya namna hiyo. Ni pazia. Siku jina linapomtoka mdomoni, msomaji anashtuka, ingawa hakuna aliyemgusa mwenzake. Mapema tu Godai akiwa amelewa amekwisha kupayuka kwamba anampenda, na nyumba nzima wamesikia. Haikusaidia kitu. Maneno ya pombe hayalipi kodi.

Halafu kuna simu. Hakuna simu za mkononi enzi hizo, na simu ya nyumba mara nyingi huipokea Kyoko. Kozue, msichana anayetoka na Godai, akipiga, Kyoko ndiye anayekwenda kumwita: “Simu yako.” Adabu haipungui hata chembe, lakini siku hiyo anafagia kama anayeipiga ardhi. Hana haki ya kukasirika kwa sababu hajasema anamtaka, na hawezi kusema wakati bado analia kaburini kwa mwingine. Anakuja kukubali baada ya miaka, na sharti lake ni kwamba Godai asimtangulie kufa, aishi kumzidi hata kwa siku moja. Sharti kama hilo huwezi kuliweka ukurasa wa ishirini. Linahitaji mtu aliyekwisha kuzika.

Kuna nyingine ya karibuni zaidi, ya Tsunami Umino, iliyoanza 2012 na kufanywa tamthilia ya televisheni 2016, inayojulikana kwa kifupi kama Nigehaji. Mikuri amesoma lakini hana ajira, anaanza kumfanyia usafi Hiramasa, kisha wanaandikishana “ndoa” ya mkataba: yeye anapika na kufua, mwanamume analipa mshahara. Mapenzi yanapoingia yanaleta swali ambalo nililipenda kuliko busu lolote: tukipendana kweli, mshahara wangu unakwenda wapi? Wanaume wenzangu, lisomeni hilo polepole.

Zile za kujikwaa na kuangukiana, au kufungua mlango wa bafu “kwa bahati mbaya”, siziingizi humu. Huo ni uvivu wa mchoraji.

Sikatai kwamba hata Takahashi anavuta kurasa. Mitaka, kocha wa tenisi, tajiri, meno yanang’aa, anamtaka Kyoko waziwazi na hata wapangaji wanajua angemfaa. Tatizo lake ni kwamba anaogopa mbwa, na mbwa wa pale ndiyo huyo mwenye jina la marehemu. Mara ya kwanza nilicheka sana kuona mume aliyekufa bado analinda geti. Mara ya kumi nilifunua kurasa tatu kwa pamoja. Hizo, Mhariri, mnaweza kukata.

Msomaji wenu, Dar es Salaam