Harusi Zitakufundisha Kamera, Kisha Zitakuharibu

Waulize makameramani wa filamu za makala hapa Dar walianzia wapi, wengi watakutajia kumbi za harusi. Mimi pia. Usione haya kuanzia huko. Bwana harusi akishalishwa keki, imepita hiyo, na wewe uliyekuwa unabadilisha betri huna wa kumlaumu. Mkono unakuwa mwepesi kwa lazima.

Ila ukumbi unaharibu pia. Unakuzoesha kuhangaisha kamera, sekunde tatu huku, nne kule, kwa kuwa muziki utafunika yote. Nilipompelekea mhariri kazi yangu ya kwanza ya makala, aliitazama kimya, kisha akauliza, "Kaka, hakuna hata picha moja uliyoiacha itulie?" Haikuwepo. Tangu siku ile nahesabu hadi kumi kabla sijasogeza kamera, na mtu akimaliza kusema sikimbilii kuzima. Mara nyingi jambo lenyewe huja baada ya maneno: anashusha pumzi, anakunja pindo la kanga.

Na kwenye makala hakuna muziki wa kukuficha. Vaa hedifoni tangu mwanzo. Kabla ya kuondoka, rekodi nusu dakika ya chumba kikiwa kimya, mhariri azibie mapengo ya sauti. Taa nazo: umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo piga fremu (picha) 25 kwa sekunde na shata, yaani muda wa kila picha kupokea mwanga, iwe 1/50 ya sekunde, la sivyo taa za ofisini zinaweza kukupepesea picha nzima. Ukirekodi kwa megabiti 100 kwa sekunde, saa moja inakula gigabaiti 45 hivi. Nakili kwenye diski mbili kabla hujalala, hata ukiwa hoi. Vibali vya Bodi ya Filamu, na vya anga kama una ndege nyuki, shughulikia mapema.

Kosa langu kubwa halikuhusu kamera kabisa. Tulikwenda Ukerewe kupiga wavuvi wa dagaa, zile taa zinazometameta ziwani usiku. Tukafika mwezi mpevu. Dagaa huvutwa kwa taa, na mbalamwezi ikitanda taa ya mvuvi haina nguvu tena. Mitumbwi yote ilikuwa ufukweni, watu wanashona nyavu. Mzee mmoja akatucheka: "Sasa wanangu, mngepiga simu tu." Siku nne za posho zikaondoka hivyo. Siku hizi kabla ya kufikiria lenzi nauliza kalenda ya wenyeji: mwezi ukoje, mnada lini, nani kafiwa.

Malipo ya makala huja kwa awamu, na ya mwisho husubiri filamu ikubaliwe, jambo linaloweza kuchukua miezi. Kwa hiyo Jumamosi utanikuta ukumbini, shati jeusi, nasubiri keki.