Presha ya juu 175 na paipu ya kompresa inachoma? Angalia geji ya chini

Fundi, umesema kompresa yako ya gesi ya kupoza R134a inasoma presha ya 175 psi upande wa juu, kule gesi inatoka ikiwa imefinywa, kondensa (koili za kutoa joto nje) umeosha, feni inazunguka poa, na bado ile paipu ya kutoka inachoma mkono na ovalodi (swichi ya kulinda mota) inakata kila saa. Lakini hujasema geji ya chini, ya gesi inayorudi kwa kompresa, inasoma ngapi, na mimi naona shida iko hapo.

Hii kitu nilipatana nayo hapa Kisumu kwa chumba cha baridi cha mbuta (sangara). Juu 175, yaani gesi inageuka kioevu kwa karibu nyuzi 50, na kwa jua la huku mchana hio ni kawaida kabisa. Nikamaliza asubuhi mzima kwa kondensa. Chini ilikuwa psi 4, nikaiona nikaipita tu.

Sasa piga hesabu ya gesi inafinywa mara ngapi, yaani juu gawanya kwa chini, lakini usigawanye namba za geji vile ziko, ongeza presha ya hewa kwanza, na huku kwetu mita 1,130 hivi juu ya bahari hewa ni kama psi 13, si ile 14.7 ya Mombasa. 175 inakuwa 188, 4 inakuwa 17, gawanya unapata 11. Chumba kikiwa sawa, gesi ikichemka kwa nyuzi -10, chini ingesoma 16, ukiongeza ni 29, na 188 kwa 29 ni 6 na nusu. Juu haijasonga hata kidogo lakini gesi inafinywa karibu mara mbili ya vile inafaa, na joto la kutoka linafuata huko kufinywa. Halafu hio gesi ya kurudi ndio inapoza mota, ikiwa kidogo mota inapika, gesi inafika kwa silinda ikiwa tayari moto.

Nilifunga kipima joto kwa paipu, sentimita 15 kutoka kwa kompresa, ikasoma nyuzi 118. Usikubali ipite 107, ju ndani kwa valvu ni moto zaidi ya hapo, oili inaungua inakuwa nyeusi na inaacha makaa kwa valvu. Mwenye samaki alikuwa anasema niongeze gesi tu. Nilikataa, ju filta draya (kichujio cha uchafu na unyevu) ilikuwa imeziba, upande wa kutoka baridi kuliko wa kuingia, ungeongeza gesi ingejaa tu kwa kondensa na presha ya juu ipande bure. Na ile sponji ya kuzuia joto kwa paipu ya kurudi panya walikuwa wamemaliza, jua linapiga chuma moja kwa moja. Nikabadilisha draya, nikavuta vakyum (kutoa hewa na unyevu ndani), nikajaza gesi kwa mizani, nikavalisha paipu sponji mpya. Jioni chini 15, juu 180, paipu 84.

Kesho funga geji ya chini, shika draya pande zote mbili, upime joto hapo kwa sentimita 15 kompresa ikiwa imezunguka nusu saa, uniletee hizo namba.